Acha Steki, Chukua Muundi

Chungu changu cha kwanza cha umeme kiliishi robo saa. Binamu yangu aliyeko Marekani alinitumia kwa mkono wa mtu aliyekuwa anarudi likizo, kikaja kimeviringishwa taulo mbili na sweta. Siku hiyohiyo nikakitia nyama na vitunguu, nikatafuta adapta ya kukutanisha plagi yake ya meno bapa mawili na soketi yetu ya matundu matatu, nikawasha. Haukupita muda harufu ikaanza, na haikuwa ya vitunguu. Moshi ukafuka chini, taa ya mbele ikazima, mume wangu akatokea mlangoni kuuliza nani anachoma ndala. Umeme wa Marekani ni volti 120, wetu ni 230. Adapta inabadilisha umbo la plagi tu. Nguvu ya umeme haiigusi. Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza hauhusu nyama hata kidogo. Zawadi ya ndugu kutoka ng'ambo ipindue kwanza, usome kibandiko cha chini. Kikiandikwa 220 hadi 240, chomeka. Kikiandikwa 120, mshukuru ndugu yako na ukae mbali na soketi. Vinavyotoka Muscat, Dubai au London kwa kawaida havina shida hiyo, hata plagi ni kama zetu.

Ninachokiita chungu cha umeme ni hicho ambacho wauzaji wa Kariakoo wanakiita slokuka. Nje ni ganda la bati lenye waya wa moto uliozungushwa ubavuni, ndani kuna chungu kizito cha udongo wa kigae kinachotoka na kurudi, juu kuna kifuniko cha kioo. Swichi ina hatua tatu: moto mdogo, moto mkubwa na kutunza joto. Si presha kuka, wala si raisi kuka. Hakifoki, hakipigi filimbi, na ukikaa kukitazama saa nzima hutaona kinachoendelea.

Aliyekibuni ni Irving Naxon wa Chicago, aliyepewa hataza yake mwaka 1940. Mama yake alikuwa amemsimulia habari za utotoni mwake Lithuania, ambako Wayahudi walipeleka vyungu vya nyama na maharage kwa mwoka mikate siku ya Ijumaa kabla jua halijazama. Vyungu vililala kwenye tanuri linalopoa, vikachukuliwa kesho yake, siku ya Sabato, siku ambayo kwao moto hauwashwi. Naxon alitaka kazi ya tanuri lile ifanyike bila tanuri. Mwaka 1970 kampuni ya Rival ikanunua biashara yake, na mwaka uliofuata chungu kikaingia madukani kwa jina la Crock-Pot.

Mtu wa pwani hana cha kushangaa hapo. Bokoboko, ambalo nyama hupikwa na ngano mpaka usijue ipi nyama ipi ngano, halijawahi kupikwa kwa haraka. Ndugu zetu wa Oman wana shuwa ya Idi: nyama inapakwa viungo, inafungwa kwenye majani, inazikwa kwenye shimo la makaa siku nzima au mbili. Na muuza supu ya makongoro anayeinjika sufuria usiku ili alfajiri madereva wapate kunywa, huyo hahitaji kufundishwa na mtu wa Chicago. Moto wa taratibu tunaujua. Tunachokosea ni nyama tunayoupa.

Nimesikia malalamiko yaleyale kwa mashoga zangu, kwa majirani, hata kwa fundi aliyekuja kutengeneza friji. Mtu kanunua steki nzuri, kalipa bei ya juu, kaiweka kwenye chungu asubuhi, jioni kaikuta imekauka kama kamba ya katani huku imezama kwenye mchuzi. Lawama zinaangukia chungu, kumbe chungu hakina kosa. Steki ndiyo imepelekwa pasipo pake.

Kwenye bucha zetu neno steki halina maana ya kipande fulani cha ng'ombe. Ni nyama isiyo na mfupa, basi, na mara nyingi imetoka kwenye paja. Tunailipia zaidi ya mchanganyiko kwa sababu hatutaki kulipia mifupa, na mwenye bucha anaijua hesabu hiyo. Steki ya paja ni nyekundu, safi, haina mafuta mengi wala kano nyingi. Kwa macho ndiyo bora. Ila ikishapata joto la nyuzi 60 na kuendelea, nyuzi zake zinajikunja na kukamua maji yake nje, kama mtu anavyokamua kanga aliyoifua. Watu hudhani nyama iliyo ndani ya mchuzi haiwezi kukauka. Inakauka vizuri kabisa. Maji ya mchuzi hayarudi ndani ya nyama iliyokwisha kukamuliwa.

Muundi nao unakamuliwa vilevile, lakini una akiba. Muundi ni ile nyama ya mguuni chini ya goti, imejaa kano na utando mweupe unaong'aa ukiukata. Weupe ule ni kolajeni, kitu kigumu kama mpira kikiwa kibichi. Ukikiweka kwenye joto la nyuzi 70, 80, 90, ukakiacha humo kwa masaa, kinayeyuka na kuwa jelatini, ule ute unaofanya midomo inate ukinywa supu ya kongoro. Jelatini inaziingia nyuzi zile kavu na kuzitelezesha. Kwa hiyo ulaini unaouonja kwenye nyama iliyopikwa taratibu hautoki kwenye msuli; unatoka kwenye kile ambacho mnunuzi anamwambia muuzaji akitoe. Ukitaka kuhakikisha, weka mchuzi wa muundi kwenye friji usiku mmoja. Asubuhi utaukuta umeganda, ukilitikisa bakuli unatetemeka. Mchuzi wa steki ya paja utakuwa bado maji.

Nenda bucha basi, ujiandae kudharauliwa. Mimi kijana wangu wa bucha ananijua sasa, lakini siku ya kwanza ilikuwa hivi.

"Shikamoo mama. Leo steki imetulia, iangalie hii."

"Marahaba mwanangu. Nikatie muundi, kilo mbili."

"Muundi wa supu?"

"Wa kula."

Akanitazama kama mtu aliyepata habari kwamba nimeachishwa kazi. Akaongeza kipande cha nundu bila kukipima, sadaka.

Mbali na muundi kuna shingo, kuna kidari, kuna bega, kuna mkia kwa mwenye uwezo nao, maana siku hizi mkia umepanda hadhi. Mbavu zinafaa, ila mafuta yake ni mengi na itabidi uyaengue. Maini na figo usiyapeleke huko, yatakuwa unga. Na sarara, nyama laini ya mgongoni, tafadhali iheshimu. Kikaango cha moto mkali na dakika chache zinaitosha. Kuitia sarara kwenye chungu cha umeme kwa masaa manane ni kama kumpeleka bibi harusi shambani kulima na lile shela lake.

Kuna jambo jingine la nyama yetu ambalo vitabu vya mapishi vya Wazungu havilisemi, kwa kuwa kwao haliwapati. Wao wananunua nyama iliyokaa kwenye chumba cha baridi kwa siku kadhaa. Sisi ng'ombe kachinjwa usiku, saa mbili asubuhi ananing'inia buchani, saa nne yuko sufuriani, na tunasifu kwamba nyama ni freshi. Ng'ombe akishachinjwa misuli yake hukaza, na kukaza huko hufikia kilele ndani ya siku ile ya kwanza. Ndipo huanza kulegea taratibu kadiri siku zinavyokwenda. Kwa maneno mengine tunainunua nyama katika saa zake za ukaidi. Ukiwa na friji inayopoza kweli, iweke nyama kwenye bakuli rafu ya chini, ifunike kwa kuilegezea, ikae siku mbili kabla ya kuipika. Usiirushe moja kwa moja kwenye frizi, maana ikiganda inaganda na ugumu wake. Kama friji yako inategemea umeme wa kubahatisha, achana na hili, pika siku hiyohiyo na ongeza muda wa kupika.

Na muda uongeze hata hivyo. Ng'ombe anayefika mnada wa Pugu ametembea maisha yake kufuata majani na maji, na wakati mwingine ni mzee aliyekwisha kuzaa au kulima. Kadiri ng'ombe anavyozeeka kolajeni yake hujifunga zaidi na kuwa mbishi kuyeyuka. Mapishi ya ng'ambo yameandikwa kwa ng'ombe kijana aliyenoneshwa kwa nafaka. Yakisema masaa sita, mimi nasoma manane.

Sasa upishi wenyewe, kwa kilo moja ya muundi, au ya bega ukiukosa muundi.

Usiku wa kuamkia siku ya kupika, kata nyama vipande vikubwa, kama ngumi ya mtoto. Vipande vya pilau ni vidogo mno kwa kazi hii, vitasambaratika. Kano usizitoe. Paka chumvi kijiko kimoja cha chai, kitunguu saumu na tangawizi vilivyotwangwa, pilipili manga, rudisha kwenye friji. Asubuhi ifute nyama maji, weka mafuta kidogo kwenye kikaango cha moto mkali, ukaange vipande vinne vitano kwa wakati mpaka viwe na rangi ya kahawia pande mbili. Ukivijaza vyote kwa pamoja vitatoa maji na kuchemka badala ya kukaangika. Tulifundishwa kwamba kukaanga kunafunga maji ndani ya nyama. Si kweli, hakufungi kitu. Kunaleta ladha na rangi, ambavyo chungu cha umeme peke yake hakiwezi kuvileta kwa sababu joto lake halifiki huko. Ukiruka hatua hii nyama italainika vilevile, ila itakuwa na sura ya mgonjwa.

Kwenye mafuta yaleyale kaanga vitunguu maji viwili, virefu virefu, mpaka viwe vyekundu. Vitunguu vibichi kwenye chungu hiki huchukua siku nzima kulegea na bado vinabaki na harufu yao. Mimina nusu kikombe cha maji, sugua ule ukoko ulioshika chini ya kikaango, umwage wote ndani ya chungu. Ukoko huo ndio mchuzi. Ongeza nyanya mbili zilizokatwakatwa na kijiko cha nyanya ya kopo. Maji mengine usiongeze, na hapa ndipo mkono uliozoea sufuria ya mkaa hukosea. Sufuria inapoteza mvuke mchana kutwa. Chungu hiki hakipotezi, mvuke unagonga kioo na kurudi chini. Juu ya hayo, nyama yenyewe inatoa maji yake. Ukitia kikombe kimoja asubuhi, jioni utakuta mafuriko.

Viungo vizima viweke kwa uchoyo. Masaa manane ni marefu: karafuu mbili zinatosha, mdalasini kipande cha urefu wa kidole gumba, hiliki tatu. Niliwahi kutia karafuu nane kama ninavyofanya kwenye pilau la watu kumi, nyumba nzima ikanuka kama meli ya Pemba na nyama haikulika. Binzari nyembamba itie ikiwa imekaangwa na kutwangwa. Chumvi usikamilishe mwanzoni, utaonja mwisho. Viazi na karoti ukivitaka, vipange chini kabisa, ubavuni mwa chungu, kwani humo ndani viazi huiva polepole kuliko unavyofikiri, hasa vikigusana na nyanya. Tui la nazi, maji ya ndimu na giligilani vingoje nusu saa ya mwisho. Tui likilala humo tangu asubuhi hukatika, mafuta yakaelea juu na chenga zikabaki chini.

Papai? Najua kila nyumba ya Kiswahili ina papai bichi la kupaka nyama, na kwa mishkaki halina mpinzani. Utomvu wake unakata nyuzi za nyama, na hufanya kazi kwa nguvu zaidi nyama inapoanza kupata moto. Kwenye jiko la mkaa hatua hiyo inapita haraka. Kwenye chungu cha umeme nyama inakaa kwenye uvuguvugu muda mrefu kabla haijafika joto la kuua utomvu, na matokeo yake ni uji wa nyama. Kwa chungu hiki papai lipumzishe.

Funika. Washa moto mdogo. Ukiwasha saa moja asubuhi, utakula saa tisa alasiri au saa kumi. Mwezi wa Ramadhani mimi nawasha saa nne asubuhi, futari inanikuta sijachoka. Moto mkubwa unafupisha safari hadi masaa matano au sita. Mwishoni hatua zote mbili zinafika karibu joto lilelile, chini kidogo ya kuchemka, tofauti ni mwendo wa kufika. Kwa muundi napendelea mwendo mdogo.

Baada ya hapo, mikono mbali. Mama mkwe wangu alikuja kutoka Tanga siku nimewasha chungu, akakizunguka kama mtu anayekagua gari bovu. Akagusa ubavu wake.

"Moto wake uko wapi, mwanangu?"

"Uko ndani, mama."

"Moto usioonekana utaivisha nini?"

Mnamo saa nne, nilipokwenda dukani, akafunua kifuniko, akachoma kipande kwa uma. Niliporudi akaniambia neno moja: "Jiwe." Akanishauri niihamishie jikoni kwa mkaa kabla wageni hawajafika. Alikuwa sahihi kwamba ilikuwa jiwe. Katika saa ya tatu ndivyo inavyokuwa: nyuzi zimeshakamuliwa na kolajeni bado haijayeyuka, yaani nyama iko pabaya zaidi kuliko ilipokuwa mbichi. Wengi hukata tamaa hapo, wakaongeza maji, wakapandisha moto, wakatoa nyama na kuitangaza imeshindikana. Nyama ngumu katika saa ya tatu haijaharibika, haijafika tu. Kuifunua ndiko kunaichelewesha. Mvuke ukitoka, chungu huhitaji dakika 20 au 30 kurudi kwenye joto lake, kwa sababu moto wake ni mdogo mno kufidia haraka.

Siku ile tulikula saa kumi badala ya saa tisa. Namna ya kujua imeiva ni kuchoma uma na kuuzungusha robo duara: nyuzi zikiachana zenyewe, tayari, zikivutana, nusu saa nyingine. Kano iliyokuwa nyeupe inakuwa ya kung'aa, unaweza kuikata kwa ubapa wa kijiko. Mama mkwe, ambaye magego yamebaki mawili, hakusema kitu kuhusu moto. Alisogeza sahani yake.

Kuna wanaotaka steki hata hivyo, kipande kipana kinachojaza sahani. Sawa, hilo linawezekana ukibadilisha mahali pa kukatia. Mwambie kijana wa bucha akukatie steki ya bega, si ya paja, unene wa vidole viwili, akate kukatiza nyuzi na si kuzifuata. Nyuzi fupi hata zikiwa ngumu zinatafunika. Ndefu zinakwama kwenye meno. Kaanga kila kipande pande zote mbili. Panga chini vitunguu vingi, karibu nusu kilo, weka steki juu yake zisilaliane sana, nyunyiza kijiko cha siki au ukwaju uliochujwa, maji robo kikombe. Masaa sita au saba ya moto mdogo. Zitoe kwa mwiko mpana, kwa kuwa kwa uma zitakatika, uzifunike. Mchuzi uliobaki umwage kwenye sufuria, uuchemshe wazi kwa moto mkali dakika kumi hadi ubaki mzito, uonje chumvi sasa, uzimwagie steki. Na kama umeshanunua ile ya paja na huna la kufanya, ikate nyembamba, itie vipande vya mafuta ya ng'ombe, usizidishe masaa sita, na iliwe na mchuzi mwingi. Haitakuwa muundi, lakini haitakutia aibu.

Mambo ya usalama nitayasema haraka, ila yasomwe taratibu. Nyama iliyoganda usiitie chunguni na barafu yake; itachelewa mno kwenye uvuguvugu, na kati ya nyuzi 5 na 60 ndipo vijidudu hustawi. Iyeyushe kwanza kwenye friji. Chungu kijazwe nusu hadi theluthi mbili. Kiporo usikipashe humo, kipashe jikoni kichemke. Nyama iliyobaki isilale juu ya meza: ndani ya masaa mawili iwe kwenye friji, kwenye vyombo vya kina kifupi ili ipoe upesi. Na maharage mekundu, ukitaka kuchanganya na nyama kama wale wa Lithuania, lazima yalowekwe, maji yamwagwe, kisha yachemke jikoni kwa moto mkali angalau dakika kumi kabla ya kuingia chunguni. Mimi nayaachia nusu saa. Yana sumu ya asili ambayo joto la chungu hiki haliiui, na maharage yaliyopashwa nusunusu ni mabaya kuliko mabichi. Kutapika kwake si kwa mchezo.

Umeme ukikatika ukiwa nyumbani, hamishia chakula kwenye gesi au mkaa umalizie. Ukirudi kutoka kazini ukakuta saa ya ukutani inamweka na hujui umeme ulikatika kwa muda gani, chakula hicho kitupe, hata kama kinaonekana kimeiva. Najua inauma. Kwa hiyo nawaambia wazi wanaoishi mahali ambapo mgao wa umeme ni mazoea: chombo hiki si chenu kwa sasa. Presha kuka juu ya gesi italainisha muundi kwa dakika 45 au saa nzima, na haina haja ya kubembelezwa. Au sufuria nzito yenye mfuniko unaobana, makaa yaliyofunikwa majivu, masaa matatu au manne, ukiongeza kaa moja moja. Nyama itakuwa laini vilevile. Chungu cha umeme hakina siri ya ulaini ambayo majiko hayo hayana. Kinachokiuza ni kwamba unaweza kukiacha ukaenda zako, au ukalala.

Gharama yake haitishi. Vingi vinakula wati 150 hadi 300. Cha wati 200 kikiwaka masaa manane ni uniti 1.6, zidisha kwa bei ya uniti zako za Luku utapata jibu lako mwenyewe, kisha ulinganishe na mkaa wa masaa manne mtaani kwako. Pasi ya umeme kwa saa moja na nusu ya kunyoosha inakula karibu hivyohivyo na hakuna anayeilalamikia. Kwa watu wanne au watano nunua cha lita tatu na nusu. Cha lita sita kwa watu wawili hakifai, kwani chakula kidogo kwenye chungu kikubwa huungua pembeni.

Na kikishamaliza kazi, kitoe kwenye ganda lake, kiweke juu ya kitambaa kikavu, kipoe chenyewe. Usikipeleke bombani kikiwa cha moto. Udongo ule ukikutana na maji ya baridi hupasuka, mlio mmoja tu, kutoka ukingoni hadi chini. Cha pili nilikiua hivyo. Ninachopikia sasa ni cha tatu.